Mwigizaji wa Watu Wenye Moyo Mgumu: Maisha ya Victor Sjöström



Mara nyingi tunapoandika hapa maisha ya mtu wa zamani, huyo mtu huwa ni mmisionari, au mfia imani, au mtafsiri wa Biblia. Leo tunaomba ruhusa ya kuandika juu ya mwigizaji wa teatri na sinema. Tunajua kwamba katika makanisa yetu mengi ya Mashariki, neno sinema limesikika kwa miaka mingi kama jina la dhambi, na sababu za wazazi wetu kusema hivyo hazikukosekana. Lakini tunajua pia kwamba kila Noeli na kila Pasaka vijana wetu hujifunga vitenge na mashuka mbele ya madhabahu, wakaigiza. Kiongozi wao huhangaika na jambo lile lile kila mwaka: wote wanataka kuwa Yusufu, Maria au malaika. Wa kuwa Herode au Yuda hapatikani upesi.

Mtu tunayemzungumzia leo alikubali zile nafasi ambazo vijana wetu huzikimbia. Kwa zaidi ya miaka 60 aliwaigiza walevi, wenye kisasi, wakimbizi wa sheria, na wazee waliopoa moyo. Aliwabeba watu hao hata mlango wa rehema, na watazamaji wakajiona ndani yao. Jina lake ni Victor Sjöström, mtu wa Uswidi aliyeanzia kazi yake katika nchi ya Ufini.

Nchi zile za kaskazini si geni kwetu. Mwanzoni mwa miaka ya 1920 wamisionari wa Kipentekoste kutoka Uswidi walifika upande wa Uvira na Kivu, na katika kazi yao likazaliwa kanisa linaloitwa leo CEPAC. Hospitali ya Lemera ni tunda la kazi hiyo. Kwa hiyo wale wazazi wetu katika imani walitoka katika nchi alimozaliwa Sjöström, na dini ya wokovu iliingia hata ndani ya nyumba yao. Lakini katika nyumba ile ilileta baridi.

Nyumba ya dini kali

Victor alizaliwa tarehe 20 Septemba 1879 huko Silbodal, katika jimbo la Värmland, magharibi mwa Uswidi. Alipokuwa bado mtoto mchanga, baba yake aliihamisha jamaa Marekani, wakakaa Brooklyn, karibu na New York. Mwaka 1886, mtoto akiwa na miaka 7 tu, mama yake alifariki. Mama huyo alitoka katika jamaa ya waigizaji. Ndugu yake aliigiza katika teatri ya kifalme ya Stockholm, na jina Victor lilitoka kwake.

Baba alikuwa ameokoka. Lakini dini yake nyumbani ilikuwa ya sheria na fimbo, na mtoto aliyeondokewa na mama hakupata kifua cha kulilia. Baba akaoa tena. Victor akarudishwa Uswidi, akalelewa na jamaa Stockholm. Baba alipokufa, shule ikaisha, naye akaifuata kazi ya ukoo wa mama yake. Mwaka 1896, akiwa hajatimiza miaka 18, akajiunga na kundi la waigizaji lililokuwa likizunguka Ufini.

Ufini wakati huo ilikuwa chini ya mfalme wa Urusi, lakini katika miji mingi ya pwani watu walisema Kiswidi, na makundi ya Uswidi yalikwenda kuigiza kule. Hiyo ndiyo iliyokuwa shule yake. Mwigizaji wa kundi la kuzunguka analala leo mji huu, kesho mji mwingine. Leo ni mzee wa kijiji, kesho ni askari, keshokutwa ni mlevi. Anajifunza kuangalia watu: mwenye deni anatembeaje, mwongo anaangalia wapi, mwenye haya anaficha mikono yake wapi. Baadaye aliigiza pia katika teatri ya Kiswidi mjini Helsinki.

Ufini haikumwacha tena maishani. Mwenzake mkubwa katika kazi ya filamu, Mauritz Stiller, alizaliwa Helsinki. Mwigizaji Edith Erastoff, aliyekuja kuwa mke wake, naye alizaliwa Helsinki. Hata Gustaf Molander, aliyemwongoza katika filamu tutakayoitaja mbele, alizaliwa mji huo huo.

Mama aliyenyang'anywa watoto

Mwaka 1912 kampuni ya filamu ya Uswidi iliyoitwa Svenska Bio ilimwajiri Sjöström pamoja na Stiller. Sinema ilikuwa kitu kipya, bila sauti, na watu wa teatri wengi waliidharau kama mchezo wa sokoni. Kwa miaka 10 hivi aliongoza filamu zaidi ya 40, akiigiza mwenyewe katika baadhi yake. Nyingi zimepotea, lakini zilizobaki zinatosha kumjua.

Mwaka 1913 alitoa filamu iliyoitwa Ingeborg Holm. Ni habari ya mwanamke ambaye bwana wake amefungua duka dogo, kisha akashikwa na ugonjwa na kufa. Duka linaanguka kwa madeni. Mama huyu naye anaugua, hawezi kulisha watoto wake 3, anaingia katika nyumba ya maskini. Watoto wanagawanywa kwa jamaa za watu wengine, kwa sababu desturi ya nchi ile ilikuwa kumpa mtoto maskini yule aliyekubali kumtunza kwa malipo madogo kuliko wengine. Ilikuwa kama mnada, lakini mnada wa kushuka. Mama anatoroka usiku kwenda kumwona binti yake mgonjwa. Siku nyingine mtoto wake mdogo analetwa kumtazama, na mtoto hamtambui. Hapo akili ya mama inavunjika.

Filamu ile ilitikisa Uswidi. Watu walibishana magazetini, wengine wakisema mambo hayo si kweli, wengine wakisema ni kweli kabisa. Habari yenyewe ilitoka katika mchezo wa Nils Krook, aliyekuwa amefanya kazi katika ofisi ya kusaidia maskini mjini Helsingborg. Mwaka 1918 Uswidi ilipata sheria mpya ya maskini, na minada ile ikakatazwa.

Tunaitaja filamu hii kwanza, ingawa Sjöström hakuonekana ndani yake, kwa kuwa inaonyesha alikosimama. Nchi ile ilikuwa ya Kikristo.  Na bado mjane aliweza kunyang'anywa watoto wake kwa utaratibu mzuri, kwa karatasi zenye muhuri, bila mtu mmoja kujiona mkosaji. Sisi wa Mashariki, ambako wajane na yatima ni wengi katika kila ushirika kwa sababu ya vita, hatuhitaji kufafanuliwa habari kama hiyo.

Kisasi kilichoyeyuka baharini

Mwaka 1917 ikaja filamu ya Terje Vigen, iliyotokana na shairi la Henrik Ibsen wa Norwe. Hapa Sjöström mwenyewe ndiye Terje, mvuvi wa Norwe wakati wa vita vya Napoléon, meli za Uingereza zilipofunga bahari na njaa ikaingia vijijini. Terje anapiga makasia mpaka Denmark kutafuta nafaka kwa mke wake na mtoto wake mdogo. Wakati wa kurudi anakamatwa na Waingereza, anatupwa gerezani miaka mingi. Anapofunguliwa, mke na mtoto wamekwisha kufa na kuzikwa.

Miaka inapita. Terje amezeeka, ana kazi ya kuongoza meli kando ya pwani. Siku moja ya dhoruba anakwenda kuokoa watu katika mashua, na kumbe bwana mwenye mashua ndiye yule ofisa aliyemkamata. Yuko pamoja na mke wake na mtoto mchanga. Maisha yao yako mikononi mwa Terje. Ananyanyua mkono wa kulipiza. Kisha anamwona mtoto, na moyo unamyeyuka. Anawaacha waishi.

Sjöström aliigiza mambo hayo juu ya maji ya kweli, mawimbi yakimpiga, kwa maana alitaka bahari yenyewe iseme. Wanaojua historia ya sinema wanasema kwamba hapo mlima, mto na upepo vilianza kuwa sehemu ya habari, si pambo la nyuma. Lakini sisi tunatazama uso. Katika uso ule hakuna mtakatifu aliyesamehe kwa urahisi. Kuna mtu ambaye kisasi kilikuwa mali yake ya mwisho, naye anaombwa kuiacha. Wengi wetu tunawajua akina Terje wa kwetu. Wengine wanajua jina la yule aliyechoma nyumba yao, na sokoni wanapishana naye. Kusamehe si wimbo mtamu kwao, ni kama kupoteza mali mara ya pili. Mwigizaji huyu hakuficha uchungu huo.

Ngazi ya kupanda mbinguni

Mwaka 1919 aliigiza na kuongoza Ingmarssönerna, maana yake wana wa Ingmar, kutoka katika kitabu cha Selma Lagerlöf, mwandishi wa Värmland aliyepewa tuzo ya Nobel mwaka 1909. Ingmar ni mkulima mwenye jina kubwa. Amemchukua Brita nyumbani kwake, lakini harusi anaiahirisha kwa kuogopa gharama. Brita anachukua mimba, anaishi kwa aibu, na mtoto anapozaliwa, anamuua. Anafungwa miaka 3. Muda unapokwisha, Ingmar hajui kama aende kumpokea mlangoni mwa gereza au amwache apelekwe mbali.

Katika filamu, Ingmar anaegesha ngazi ndefu, anapanda mpaka mbinguni kuwauliza mababu zake. Mbingu hiyo ni chumba kikubwa cha wakulima, na wakina Ingmar wote wa zamani wameketi kwa mpango, wazee wazito wa maneno machache. Watu wa kwetu wanaelewa upesi: mtu anakwenda barazani kwa wazee kabla ya kukata shauri. Mwishowe Ingmar anakwenda gerezani, anamchukua Brita, na njiani wanaingia kanisani pamoja. Macho yote yanamgeukia mwanamke.

Angalieni vizuri mahali Sjöström alipoweka uzito. Aliyefungwa ni Brita, na dhambi yake ni kubwa, filamu haiipunguzi. Lakini mwanamume anayeigizwa na Sjöström anatambua polepole kwamba mkono wake ulikuwamo. Aliahirisha harusi kwa ajili ya pesa. Alimwacha mwanamke abebe aibu peke yake. Hakuna hakimu aliyemwita, lakini dhamiri ilimwita.

Mlevi na dada wa Jeshi la Wokovu

Tarehe 1 Januari 1921 ilitoka filamu iliyofanya jina lake lijulikane ulimwenguni: Körkarlen, yaani mwendesha gari, nayo imetoka kwa Selma Lagerlöf. Kuna hadithi ya zamani kwamba mtu anayekufa wa mwisho usiku wa kufunga mwaka atapewa gari la farasi la Mauti, naye ataliendesha mwaka mzima akikusanya roho za wafu. Sjöström ni David Holm, mlevi mwenye kifua kikuu. Amevunja nyumba yake. Anawakoholea watu usoni kwa makusudi. Usiku wa kufunga mwaka anapigana na walevi wenzake makaburini, anaanguka, na gari linafika.

Mbele ya hapo, David alikuwa ameingia usiku mmoja katika kituo cha Jeshi la Wokovu. Dada mmoja kijana, Edit, alikaa usiku kucha akishona koti lake lililochanika, na ndipo alipoambukizwa ugonjwa wake. Asubuhi David alizirarua zile shono mbele yake akicheka. Sasa Edit yuko kitandani anakufa, na haja yake ya mwisho ni kumwona David. Mwendesha gari anamwonyesha David maisha yake yote, mpaka chumba ambamo mke wake, amekata tamaa kabisa, anatayarisha sumu kwa ajili yake na watoto. Hapo mtu yule anavunjika. Anarudishiwa uhai, anakimbia nyumbani, anafika kabla ya sumu kunywewa, na pale anaomba apewe muda roho yake ikomae kabla ya siku yake kufika.

Wapiga picha husimulia mpaka leo jinsi Julius Jaenzon, mshika kamera, alivyopiga picha juu ya picha ndani ya kamera ile ile, hata gari la Mauti likapita kama moshi juu ya nchi na juu ya bahari. Katika filamu hiyo hiyo kuna mahali David anapasua mlango kwa shoka ili kuwafikia mke na watoto wake. Watu wa kwetu hawatashangaa juu ya roho katika moshi. Watashtuka kwa shoka, kwa sababu milango iliyopasuliwa na baba mlevi wameiona.

Sjöström angeweza kumwigiza David kama mnyama, nasi tungemchukia na kulala salama. Angeweza pia kumfanya wa kuhurumiwa tu, nasi tungelia na kusahau. Alimfanya mtu. Katikati ya ubaya wake kuna dakika anapotaka kuwa mwema na anaogopa kuchekwa. Walevi wengi waliorudi kwa Bwana hutoa ushuhuda wa namna hiyo: uzito wa pombe ulikuwa mmoja, na uzito wa haya ulikuwa wa pili.

Mchungaji aliyejificha

Mwaka 1923 Sjöström alikwenda Hollywood, Marekani, ambako jina lake liliandikwa Seastrom ili watu waweze kulitamka. Kule hakuigiza, aliongoza. Mwaka 1924 alitoa He Who Gets Slapped, na mwaka 1928 The Wind, iliyopigwa katika jangwa la Mojave. Lakini kwetu sisi wachungaji, iliyo karibu zaidi ni The Scarlet Letter ya 1926, kutoka katika kitabu cha Nathaniel Hawthorne.

Habari iko katika mji wa Wapuritani wa karne ya 17, watu wa Biblia kama sisi. Mwanamke, Hester Prynne, amezaa nje ya ndoa. Baraza linamwamuru kuvaa herufi nyekundu kifuani maisha yake yote. Baba wa mtoto ni mchungaji wa mji, Dimmesdale, anayeheshimiwa na wote, naye ananyamaza. Mwanamke anakataa kumtaja. Kila Jumapili mchungaji anapanda mimbarani, na ndani yake anaoza, mpaka siku anapokiri mbele ya watu na kufa.

Lillian Gish, aliyemwigiza Hester, ilimpasa kwanza kuwatuliza watu wa makanisa ya Marekani waliokuwa wanapinga kitabu hicho kufanywa filamu. Alitaka Mswidi ndiye aiongoze, akiamini kwamba watu wa kaskazini wako karibu na roho ya Wapuritani wale. Sjöström aliifahamu roho hiyo tangu utoto. Mchungaji alimpa Lars Hanson, mwigizaji mwenzake wa Uswidi. Kwa kuwa filamu hazikuwa na sauti, Hanson alisema Kiswidi na Gish Kiingereza, na bado wakaelewana.

Hapa tusikimbilie kuwacheka Wapuritani. Katika ushirika wetu, msichana wa kwaya anapoonekana na mimba, anaondolewa kwaya, anafungiwa Meza ya Bwana, jina lake linasomwa. Na mwanamume? Mara ngapi bado anapiga gitaa katika kwaya ile ile, kwa sababu mimba haionekani kwake? Nidhamu ya kanisa ni agizo la Bwana, hatusemi iondolewe. Lakini nidhamu inayoona tumbo tu haijafika moyoni. Filamu ya mtu wa mbali, ya karibu miaka 100 iliyopita, inatuuliza swali hilo kwa upole, nasi hatuwezi kusema hatukulielewa.

Kurudi, na kazi ya uzee

Sauti ilipoingia katika sinema, Sjöström alirudi Uswidi. Filamu ya mwisho aliyoiongoza ilitoka mwaka 1937, nchini Uingereza. Mtu mwingine angekaa nyumbani na kuhesabu sifa zake. Yeye alirudi katika kazi ya ujana wake: kuigiza, katika teatri na katika filamu za wengine, akiongozwa na watu wadogo kwake kwa umri.

Mwaka 1943 aliigiza katika Ordet, maana yake Neno, chini ya Gustaf Molander. Ni mchezo wa Kaj Munk, mchungaji wa Kilutheri wa Denmark. Sjöström ni mzee Borg, mkulima wa imani kubwa na kichwa kigumu, aliyemwombea mwanawe awe nabii, na mwana akaharibika akili akijidhani ni Kristo. Mke wa mwana mwingine anafariki katika kuzaa, na nyumba yote inaulizwa kama kweli inaamini Mungu anaweza kufufua. Muda mfupi tu baada ya filamu hiyo kuonyeshwa, tarehe 4 Januari 1944, Kaj Munk aliuawa na Gestapo kwa sababu hakunyamaza juu ya uovu wa Wanazi.

Katika miaka hiyo hiyo Sjöström alikuwa mshauri mkuu wa mambo ya sanaa katika kampuni ya Svensk Filmindustri. Kijana mmoja, Ingmar Bergman, mtoto wa mchungaji wa Kilutheri, alikuwa akihangaika na filamu yake ya kwanza, akigombana na kila mtu. Mzee alimwendea, akatembea naye, akamwonya bila kumvunja: apunguze ugomvi, afanye mambo kwa wepesi. Bergman hakusahau. Vijana wanaoanza huduma wanahitaji wazee wa namna hiyo kuliko wanavyohitaji semina.

Mwaka 1945 Edith, mke wake, alifariki. Walikuwa wameoana mwaka 1922 na kupata mabinti 2. Ndoa mbili za mbele hazikuwa zimedumu, nasi hatumfanyi mtakatifu. Lakini Edith alimpa nyumba aliyoikosa utotoni.

Kisha mwaka 1957, akiwa na miaka 77 na mwili umechoka, Bergman alimwomba abebe filamu nzima: Smultronstället. Anamwigiza Isak Borg, daktari mzee anayesafiri kwa gari kutoka Stockholm hadi Lund kupokea heshima ya chuo kikuu kwa miaka 50 ya udaktari. Mke wa mwanawe yuko naye garini, naye anamwambia wazi kwamba ni mtu baridi. Njiani ndoto zinamjia. Anajiona katika mtihani, na daktari aliyeponya watu wengi anaonekana hakujua jambo la kwanza la kazi yake. Hakuua mtu, hakuiba, hakulewa. Alipoa tu. Aliheshimiwa na watu wote, na mwanawe mwenyewe anafuata ubaridi ule. Jioni, baada ya sherehe, anajaribu mambo madogo: neno la upole kwa mtumishi wa nyumba, neno kwa mwana juu ya deni lililokuwa kati yao. Ni kidogo, na amechelewa, lakini ameanza. Mwaka 1958 filamu hiyo ilipewa tuzo kuu katika tamasha la Berlin.

Victor Sjöström alifariki Stockholm tarehe 3 Januari 1960, akiwa na miaka 80.

Jambo la kushika

Wapendwa, tumeeleza habari nyingi, lakini uzi ni mmoja. Mtoto aliyelelewa na dini isiyokumbatia alitumia maisha yake yote kuwavaa watu wagumu mmoja mmoja: mvuvi wa kisasi, mkulima bahili, mlevi, mzee wa imani asiyesikia mtu, daktari aliyepoa. Hakuwasimamia kwa mbali akiwanyoshea kidole. Aliingia ndani yao na kutafuta mahali ambapo jiwe lina ufa. Hatujui hesabu yake na Mungu, hiyo si kazi yetu. Lakini kazi hiyo ya kutafuta ufa katika jiwe ni kazi ya mchungaji pia, na ya mzee wa kanisa, na ya mama wa chumba cha maombi. Nabii Ezekieli alitangaza kwamba Mungu mwenyewe hubadili moyo wa jiwe. Kama Yeye hajakata tamaa, sisi tunakatia tamaa nani?

Tofauti ya David Holm na Isak Borg itufundishe. Wa kwanza kila mtu alijua kwamba amepotea. Wa pili alipewa nishani. Katika Luka 15 kuna wana wawili, na yule aliyebaki nyumbani ndiye ambaye hatuambiwi kama aliingia karamuni. Walevi wa mtaa wetu wanahitaji mtu kama Edit, anayeshona koti bila kuuliza kama litararuliwa tena. Na sisi tunaokaa viti vya mbele tunahitaji mtu wa kutuambia wazi, kama yule mke wa mwana ndani ya gari, kwamba tumepoa.

Basi Noeli ikifika na vijana wakikimbia nafasi ya Herode, kiongozi asiwagombeze. Awaambie kwamba anayeigiza mwenye dhambi kwa ukweli anaweza kumfikia mwenye dhambi aliyeketi benchi la nyuma, hata yule aliyeketi la mbele.

Bwana atupe muda wa kuiva, na atupe moyo wa kuwapa wengine muda huo. Amina.